Mwongozo kamili: jinsi ya kutengeneza filamu ya kutisha ya mtu aliyechukuliwa na viumbe wa sayari nyingine, Bagamoyo, kwa bajeti ndogo

Karibu kila anayenijia na wazo la filamu ya viumbe wa sayari nyingine huanza na chombo: tutakiundaje, kitakuwa na taa ngapi, nani anajua kukichora kwenye kompyuta. Mimi humuuliza swali moja tu: aliyechukuliwa akirudi usiku, nani atamfungulia mlango?

Filamu yako iko kwenye mlango huo. Chombo kinakula fedha usizokuwa nazo, na mtazamaji wako ameshaona vyombo vilivyogharimu mamilioni ya dola, kwa hiyo chako hakitamshtua. Lakini hodi ya usiku wa manane, kwa sauti ya mtu aliyekwisha kusomewa hitima, humshtua yeyote aliyekulia Pwani, na haigharimu hata shilingi.

Mwongozo huu ni wa filamu ya dakika 15 hadi 20, inayoshutiwa kwa usiku sita, watu wasiozidi kumi, kwa simu nzuri au kamera moja. Nimeuandika kwa mji wa Bagamoyo kwa sababu una bahari, mikoko, nyumba za makuti na wasanii waliosomea kazi, vyote ndani ya mwendo wa bodaboda.

Kwanza hadithi, na usiikimbilie

Soma visa vyenyewe kabla hujaandika chochote. Usiku wa Septemba 19, 1961, Barney na Betty Hill walikuwa wakiendesha gari kurudi kwao New Hampshire, Marekani, wakaona mwanga ukiwafuata. Walifika nyumbani saa kadhaa baada ya muda waliotarajia, na hawakuweza kueleza muda ule ulikwenda wapi. Novemba 5, 1975, mkata miti Travis Walton alipotea msituni Arizona mbele ya wenzake. Alionekana tena baada ya siku tano, na kwa maelezo yake mwenyewe alikumbuka saa chache tu. Katika siku hizo tano wenzake walishukiwa kuwa wamemuua.

Kuamini au kutoamini ni juu yako. Cha kuchukua hapo ni mambo mawili: muda uliopotea, na mashaka yanayowaangukia waliobaki. Hivyo ndivyo vitu vinavyotisha, na havihitaji kompyuta.

Kisha angalia ulichonacho nyumbani. Sisi tuna msukule, mtu aliyezikwa na watu wakalia, kumbe yuko mahali anatumikishwa. Tuna jinamizi, linalomkalia mtu kifuani akiwa macho wala asiweze kuinua kidole. Watafiti wa usingizi wanaeleza hali hiyohiyo, akili imeamka na mwili bado umefungwa, na baadhi yao wanaihusisha na simulizi za waliodai kuchukuliwa na viumbe wa angani. Kwa hiyo huna haja ya kumfundisha mtazamaji wako hofu mpya. Anayo tayari, wewe unabadilisha anayeisababisha.

Huu hapa mfano wa hadithi, uutumie au uuache. Wavuvi wawili wanatoka na ngalawa usiku wa giza. Anarudi mmoja. Anaulizwa, mwenzio yuko wapi? Anasema: alizama. Ni uongo. Alichokiona ni mwenzake akipaa, lakini nani angemsadiki? Na kwa neno hilo moja, "alizama", kila kitu kinaanza kwenda: hitima inasomwa, mke anakaa eda. Halafu usiku mmoja, miezi miwili baadaye, mume anagonga mlango. Ndevu zake hazijaongezeka hata kidogo. Anadhani ametoka jana.

Naipenda hadithi hii kwa sababu ya bajeti pia. Eda ya mfiwa ni miezi minne na siku kumi, na mwanamke anakaa ndani. Kwa hiyo filamu yako inakaa ndani ya nyumba moja kwa sababu iliyo nzito, wala hakuna atakayehisi kwamba umekosa fedha za lokesheni nyingine. Ila mwone sheikh kabla hujashuti. Mtu aliyepotea tu, bila ushahidi wa kifo, hukumu yake ni tofauti na ya aliyekufa, na suala lake hupelekwa kwa kadhi. Ndiyo maana lazima awepo shahidi anayesema "nilimwona akizama". Ukikosea hapo, nusu ya ukumbi itatoka kwenye hadithi na kuanza kubishana.

Tukio la hodi, kwa karibu

Hili ndilo tukio la kuandika mara ishirini. Mke yuko jikoni, anakuna nazi. Mbuzi inakwaruza, kandili linawaka, nje nyenje wanalia. Hodi. Anasita. Wakubwa walitufundisha: usiku usiitike wito wa kwanza. Anaendelea kukuna, taratibu zaidi. Hodi ya pili, na sasa ameijua sauti. Mkono unasimama juu ya mbuzi, chicha imeganda kwenye meno ya chuma. Hodi ya tatu inakuja na jina lake la utani, lile ambalo hakuna mwingine analijua.

Usikate. Shoti moja, kutoka nyuma ya bega lake, mlango ukiwa umefifia mbali. Muigizaji asipige kelele wala asishike kichwa. Swali linalomchoma halihusu jini wala kiumbe. Anajiuliza kama yeye ni mke au mjane, na kama kufungua mlango huu ni halali. Mwigizaji akilielewa hilo, uso wake utafanya kazi yote.

Ruhusa

Kwa sheria, anzia Bodi ya Filamu Tanzania. Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza Na. 4 ya mwaka 1976 inataka kibali cha kupiga picha za filamu, na filamu iliyokamilika hukaguliwa na kupewa daraja kabla ya kuonyeshwa. Andaa muswada na muhtasari wake mapema. Droni inahitaji kibali cha Mamlaka ya Usafiri wa Anga (TCAA). Ushauri wangu ni uiache kabisa, kuna njia bora zaidi huko chini.

Kisha nenda kwa mwenyekiti wa serikali ya mtaa, umwachie barua yenye tarehe, saa na idadi ya watu, na nakala upeleke kituo cha polisi. Usidharau hatua hii. Mwaka 1995 hofu ya popobawa, kiumbe anayesemekana kuwavamia watu usiku, ilipoenea Pemba na Unguja, watu walihama vyumba vyao wakalala nje kwa makundi. Taa za ajabu na mtu mwenye kinyago usiku, kwenye mtaa ambao haujaambiwa, vinaweza kumtoa mtu na panga, na wa kwanza kuumia atakuwa msanii wako. Mwombe mwenyekiti awatangazie watu, waalike watoto mchana waje wakione kinyago na kukishika, na muwe na kijana mmoja wa mtaa kila usiku wa kazi, mumlipe.

Jambo jingine ni Kaole, magofu ya kale nje kidogo ya mji. Najua unaiwazia, misikiti ya kale na makaburi yenye minara, inapendeza kwenye kamera. Hayo ni makaburi ya watu, na wapo wanaokwenda kuzuru. Mimi sitishi watu juu ya makaburi. Tafuta mashamba ya chumvi badala yake. Ardhi nyeupe tambarare, hakuna mti, na taa moja ndogo inarudishwa na chumvi hadi inaangaza nyuso kutoka chini. Omba kwa mwenye shamba, usikanyage kingo za majaruba.

Kalenda: mwezi na maji

Hapa ndipo watu wa kutoka bara wanapoumia, kwa hiyo nitakaa kidogo.

Panga usiku wako kuzunguka mwezi mwandamo. Sababu ya kwanza ni giza lenyewe. Sababu ya pili ni wavuvi wa dagaa. Wao huvua kwa taa, na taa hufaa palipo na giza. Ikiingia mbalamwezi wengi hupumzika. Usiku wa giza, ukisimama ufukweni, utaona mstari wa taa zao umepangika kwenye upeo wa macho kama mji uliojengwa baharini. Hiyo ni seti ambayo huwezi kuinunua, nayo iko pale bure.

Sababu ya tatu ni maji. Mwezi mwandamo na mwezi mpevu ndio wakati wa bamvua. Bahari hupanda na kushuka kupita kawaida, tofauti ya mita 3 hadi 4 kwenye mwambao wetu. Na katika pwani hii, siku za bamvua maji hujaa mnamo saa 10 jioni na kukauka mnamo saa 4 usiku, kisha kujaa tena alfajiri. Kila siku inayofuata, saa hizo husogea mbele kwa dakika 50 hivi. Maana yake, siku ileile unayohitaji giza, ufuko unakuwa wazi na mpana kuanzia saa 2 usiku hadi karibu na saa 6. Maji mafu, yaani siku za kati ya bamvua moja na nyingine, hayakupi hivyo, bahari haikauki sana na saa zake haziendani na usiku wako.

Hata hivyo usitegemee hesabu zangu peke yake. Angalia jedwali la maji la mwezi huo, kisha muulize mvuvi mzee. Wakipingana, mfuate mvuvi. Na mtu mmoja kwenye kundi awe na kazi moja tu: kuangalia maji. Yakianza kurudi hurudi kwa kuzunguka, yanajaza mkondo nyuma yenu kabla hamjayaona mbele.

Machweo yetu ni mafupi. Jua likizama, saa 12 na nusu hivi, una dakika kama 20 za rangi ya samawati kabla ya giza kamili. Fanya mazoezi na waigizaji saa 11, ili dakika hizo zitumike kushuti tu. Ufuko wa Bagamoyo unatazama mashariki, kwa hiyo jua la kuzama liko nyuma ya mji na la kuchomoza liko baharini. Ukitaka tukio la mume kutembea kutoka majini, liweke alfajiri.

Epuka Machi hadi Mei kwa sababu ya masika. Upepo wa kusi nao ni adui wa sauti. Filamu yangu ya kwanza ilipoteza usiku mzima wa mazungumzo kwa sababu nilifunika maikrofoni kwa soksi. Tumia kifuniko cha manyoya, na maneno yote muhimu yarekodiwe tena palepale, ndani ya nyumba, kabla waigizaji hawajavua nguo za mchezo.

Kamera

Hapa ni haraka. Fremu 25 kwa sekunde na shata (muda ambao kamera inapokea mwanga kwa kila fremu) ya sekunde 1/50, kwa sababu umeme wetu ni wa hezi 50 na ukikosea taa za nyumbani zitapepesa kwenye picha. Tumia programu inayokuruhusu kufunga kila kitu kwa mkono. Blackmagic Camera inafanya hivyo bila malipo. ISO, yaani wepesi wa kamera kuhisi mwanga, usipandishe ovyo, bora giza safi kuliko mwanga wenye chenga. Tripodi ni lazima.

Rangi ndiyo siri kubwa. Weka usawa wa rangi nyeupe (white balance) kwenye Kelvin 3200, uuache hapo. Kandili na koroboi vitatoa rangi ya dhahabu, na tochi ya LED itageuka samawati baridi. Bila kununua karatasi yoyote ya rangi, nyumba ina rangi yake na mgeni ana rangi yake. Kisha jitungie sheria: samawati haiingii ndani ya nyumba hadi mume aingie.

Mwanga unaotembea

Chukua upondo au mwanzi wa mita 4 hadi 5, funga tochi yenye nguvu kwenye ncha, umpe mtu mtulivu. Atembee nje ya nyumba, pole kama anayebeba yai. Ndani, vivuli vya nondo za dirisha vitatambaa ukutani, vitapanda, vitavuka dari. Kwenye nyumba ya makuti mwanga utapenya kila tundu, na vipande vyake vitapita juu ya uso wa mwanamke aliyelala. Mtazamaji ataapa kuna kitu kikubwa juu ya paa, kumbe haoni chochote ila vivuli. Hii ndiyo sababu nilikuambia uiache droni.

Ukitaka mwali uonekane wenyewe angani, unahitaji moshi na mandhari nyeusi nyuma. Choma makumbi ya nazi kwenye debe, upande upepo unakotoka, ndoo ya maji na mchanga ikiwa karibu. Usichome ndani wala karibu na makuti. Moshi huo pia utawafukuzia mbu.

Taa inayopaa

Hii ndiyo shoti pekee ya kompyuta. Weka tripodi ufukweni, elekeza kwenye mstari wa taa za dagaa, funga fokasi na mwanga, kisha rekodi dakika tatu bila mtu kugusa kitu. Kwenye DaVinci Resolve, programu ya kuhariri filamu ambayo toleo lake la bure linatosha, weka picha ileile safu mbili. Safu ya juu zungushia taa moja tu na lainisha kingo zake, safu ya chini ifunike taa hiyo kwa kipande cha giza cha pembeni yake.

Sasa tazama taa za kweli: zote zinayumba kidogo, kwa sababu ziko juu ya mawimbi. Taa yako ifanye iache kuyumba, kwa sekunde nane isifanye jambo jingine lolote. Halafu ipande, taratibu, na mng'ao wake majini ufifie. Usiweke muziki. Wapo watakaoona mapema na wapo watakaoona wakichelewa, na utawasikia ukumbini wakionyeshana.

Mgeni mwenyewe

Mtafute mcheza ngoma, hata kama hajawahi kusema neno mbele ya kamera. Mji wenye Taasisi ya Sanaa na Utamaduni, TaSUBa, chuo kilichoanza mwaka 1981, haukosi miili iliyofunzwa. Mwambie atembee kinyumenyume, kisha kwenye uhariri geuza picha. Mwendo utakaotoka unajulikana na haujulikani, na jicho linaukataa. Angalizo: nyuma yake pasiwe na mawimbi wala moshi, kwa sababu vitu hivyo vikigeuzwa vinafichua hila papo hapo. Mashamba ya chumvi yanafaa hapa.

Mwonyeshe kivuli tu, mwanga ukiwa nyuma yake, na mara moja mkono. Kwa mkono, kata bamia kama 20, loweka kwenye maji ya vuguvugu kwa saa moja, chuja kwa kitambaa. Ute unaopata unavutika kama uzi na unang'aa kwenye tochi. Ngozi yenyewe unaweza kuipata kwa mwani uliochemshwa hadi ukawa kama jeli, ukipakwa juu ya glavu nyembamba. Tengeneza siku ya kazi, haulali. Picha ya mkono iwe ya sekunde mbili. Watakuomba zaidi, wakatalie.

Sauti

Nusu ya muda wako wa uhariri uende hapa. Kwanza rekodi sekunde 60 za ukimya wa kila chumba, na dakika kumi za usiku wa nje: nyenje, vyura, minazi. Mgeni anapokaribia usiongeze sauti. Ondoa. Nyenje wanyamaze kwanza, kisha vyura, kisha upepo. Mtazamaji hatajua kilichomsimamisha nywele.

Sauti ya mgeni unayo jikoni. Weka simu sentimita kumi kutoka kwenye mbuzi, kuna nazi kavu, mikwaruzo mirefu. Punguza kasi hadi asilimia 25, na kwenye programu ya uhariri zima alama inayolinda kimo cha sauti, ili sauti ishuke pamoja na kasi. Utakachosikia ni kitu kikubwa kinachokwaruza kitu kikubwa zaidi. Na ukiifungua filamu yako na mwanamke akikuna nazi, sikio la mtazamaji litahisi limewahi kuisikia, bila kukumbuka wapi.

Adhana itaingia yenyewe kwenye rekodi za alfajiri. Iache iwe alama ya muda, jinsi ilivyo katika maisha. Usiichezee wala usiifanye ya kutisha.

Fedha

Gawa ulichonacho mafungu kumi. Matatu chakula na chai, kwa sababu watu wanakesha. Matatu malipo ya waigizaji na mafundi, hata kama ni kidogo, na kiandikwe. Mawili usafiri. Moja betri, diski na taa. Moja usiliguse hadi usiku wa mwisho.

Kuonyesha

Kabla ya kuipeleka kwenye tamasha la TaSUBa au ZIFF, tamasha la filamu kule Zanzibar, ipeleke kwenye kibanda umiza, banda la mtaani la kuonyeshea filamu. Spika zake hazitoi besi ya chini kabisa, kwa hiyo utajua mara moja kama mkwaruzo wako umepotea, nawe utaupandisha kidogo. Kaa nyuma, usitazame filamu, tazama watu. Andika dakika ambayo mtu wa kwanza anageuza shingo kuangalia mlango wa kibanda. Ikiwa ni baada ya hodi ya pili, acha shoti kama ilivyo. Ikiwa hakuna aliyegeuka, rudi nyumbani ukarefushe ukimya kati ya ya pili na ya tatu.